Nilimwandikia Mama Mkwe Kikohozi

Mpendwa Shangazi Ndunge, naomba unisaidie upesi, maana Alhamisi ya wiki ijayo inakuja mbio na mimi hata ugali haupiti.

Mimi ni karani wa rekodi katika hospitali moja hapa Mwingi, kazi yangu ni kusoma ugonjwa alioandika daktari na kuupa namba yake, ile namba ambayo bima huangalia kabla ya kukubali matibabu, na kwa miaka tisa sijawahi kukosea, hata mwandiko wa Daktari Ladan nausoma kama gazeti. Sasa juzi juzi mama mkwe wangu wa kule Nuu, jina lake silitaji, wewe ni Mkamba unajua haya ya mtu na mama mkwe wake, alipigwa teke na punda mbavuni, akapigwa picha ya kifua, mbavu zikaonekana nzima lakini pafu lilikuwa na kidoa, wakakata kinyama wakakipima, na faili likatua mezani kwangu: saratani ya pafu, hatua ya kwanza, sehemu ya juu, apelekwe Nairobi akapasuliwe. Namba yake ni C34.1, naijua hata nikiwa usingizini. Lakini Shangazi, mkono ulikataa! Tangu nipeleke mbuzi wa ntheo, wale wa posa, sijawahi kukaa chumba kimoja na yule mama, nikimwona njiani naingia kichakani hata kama nimevaa suti, sasa mimi nianze kuandika habari za kifua chake, tena sehemu ya juu? Nikaandika R05, yaani kikohozi, ugonjwa ambao mama yeyote anaweza kuwa nao mbele ya mkwe wake, nikachapisha fomu, kisha nikasikia sauti yake dirishani nikaingia chini ya meza.

Alikuwa na mke wangu Katunge, na wote wawili walikuwa wametoka kulia kwa daktari. Katunge akaichukua fomu pale dirishani, akasoma, akapiga yowe: "Mami, angalia! Ni kikohozi tu! Mungu amebadilisha ripoti!" Wakaamini muujiza umetendeka kati ya chumba cha daktari na dirisha langu. Jumapili kanisa zima likatoa shukrani, mbuzi akachinjwa, na mimi nikala, tena nikaongezwa. Sasa bima wamerudisha fomu wakisema kikohozi hakipasuliwi, nafasi ya upasuaji ni hiyo Alhamisi, mama anakunywa ndimu na asali na amekataa kabisa kwenda Nairobi, na nikitafuta kwenye faili jamaa wa kupigiwa simu nakuta ni mimi. Jana nilijipigia, nikapata laini ina shughuli.

Nikisema ukweli, nitakuwa yule mkwe aliyetaja kifua cha mama mbele ya watu. Nikinyamaza, naogopa, Shangazi. Yule mama hunitumia ndengu kila msimu, ananipenda bila kuniangalia usoni. Nifanye nini?

Mkwe Mwenye Haya, Mwingi

* * *

Mkwe Mwenye Haya,

Nilicheka mpaka jirani akaja kuuliza kuna nini, halafu nikakasirika. Habari za kuingia kichakani usinifundishe. Mume wangu aliharibu suruali tatu kwa ajili ya mama yangu. Lakini namba ya ugonjwa haimvui mtu nguo. Nani alikuambia ukiandika C34.1 umemchungulia mama wa watu? Kazi yako ni kuandika alichokiona daktari, si kile ambacho wewe unaweza kustahimili.

Na umesoma vizuri lile neno "hatua ya kwanza"? Maana yake kidoa kimepatikana mapema, kingali kidogo, na daktari anaona kinaweza kutolewa. Punda amefanya kazi yake. Wewe ndiye umekaa juu ya faili.

Leo, si kesho, mpelekee Daktari Ladan hilo faili na useme, "Daktari, nimekosea." Usifute. Piga mstari mmoja juu ya R05, andika namba ya kweli, yeye atie sahihi, na fomu irudi bima kabla hujanywa chai. Ukipewa barua ya onyo, ipokee, umeitafuta mwenyewe. Kisha mwambie Katunge kila kitu, na huyo mbuzi uliyemla umkumbushe. Yeye ndiye atakayekaa na mama yake amweleze, na namba ya simu kwenye faili iwe yake. Kanisa likiuliza muujiza umeenda wapi, waambie muujiza ni punda, na waendelee kuomba mpaka daktari wa upasuaji amalize kushona.

Siogopi kwamba mama mkwe atakuchukia. Naogopa Alhamisi ipite.

Nenda sasa. Na siku utakapomwona tena kwenye njia ya Nuu, anatembea mwenyewe na ndoo yake, ingia kichakani upesi kama kawaida yako. Ukiwa humo ndani katikati ya miiba, na suti yako, ushukuru kwamba bado kuna mtu wa kumkimbia.

Shangazi Ndunge