Wimbo Mmoja Ndani ya Kibuyu

Beni, 4 Agosti 2024

Mwanangu Hulda,

Baridi ya Butembo inakutendea vipi? Bado unalala na soksi? Huku joto letu lipo, tuko wazima, na kidonda cha shingo kimefunga kabisa. Namshukuru Mungu, namshukuru na daktari aliyeniondoa ule uvimbe.

Ila sauti haikurudi. Nanong'ona tu, hata kuku wananidharau nikiwafukuza. Na unajua kabla ya operesheni niliweka nadhiri mbele ya kanisa zima: nikiamka, Jumapili ya mavuno nitasimama nimwimbie Mungu shukrani mimi mwenyewe. Nimeamka. Mavuno ni Novemba. Mchungaji anasema Mungu anasikia hata ya moyoni, lakini mimi sikuahidi moyo, niliahidi wimbo.

Hicho Chuo Kikuu chenu cha Upepo na Sauti, ambacho majirani wananiuliza mtu anatoka na kazi gani, hawajawafundisha dawa?

Mama yako,
Agar

*

Butembo, 22 Septemba 2024

Mama mpendwa,

Salamu nyingi kutoka kilimani. Mimi mzima, soksi navaa mbili mbili. Waambie majirani niko mwaka wa mwisho, na kwamba mwaka wa kwanza wote tulifundishwa kunyamaza, somo lililokushinda wewe kunifundisha nyumbani.

Dawa ipo. Walimu wetu wanasema sauti iliyotoka kwa nguvu zote haipotei, upepo huizungusha kwenye mabonde yale yale. Basi nilikwenda kwenu Vuhovi, kwa mama mdogo Kyakimwa. Akanionyesha mahali mlipokuwa mnaitana mkiwa wasichana, kila mmoja mlimani kwake na jembe lake. Nikakaa pale na kibuyu wazi, asubuhi baada ya asubuhi. Nilipata mbuzi. Nilipata mzee mmoja anayewatukana nyani. Halafu nikakupata wewe: "Kyakimwa eee! Leta chumvi!"

Nililia, Mama. Nilikuwa nimeanza kuisahau sauti yako. Nikaziba haraka.

Malachie wa pikipiki anakuletea. Siku ya mavuno ukifungue karibu na mdomo, uvute pumzi. Sauti iliyorudishwa hukaa wimbo mmoja tu, kisha inakwenda. Tafadhali usiijaribu jikoni. Kibuyu ni cha chuo, Malachie atakirudisha.

Mwana wako,
Hulda

*

Beni, 6 Oktoba 2024

Hulda,

Salamu, na uwe mzima, kwa sababu nina maneno na wewe.

Kibuyu kilifika kabla ya barua. Malachie alikuwa ameisahau mfukoni. Nikakitikisa: kimya. Nikasema, mtoto anamtumia mama yake kibuyu kitupu, alilelewa na nani? Nikachukua majivu nikioshe, nitie maziwa. Malachie akaruka kutoka kwenye kiti: "Mama, hapana fungua! Sauti yako iko mule! Ile njo TFC ya Hulda!"

Kumbe ndiyo kazi yako ya mwisho. Kumbe bila sauti ndani ya kibuyu, jury ya walimu haikupi diplôme. Mbona hukuniambia?

Nakushukuru mpaka machozi. Lakini siwezi kumlipa Mungu kwa diplôme ya mtoto. Kibuyu kiko juu ya kabati. Niambie ukweli.

Mama yako

*

Butembo, 13 Oktoba 2024

Mama,

Naomba uwe mzima na usiwe na hasira. Ukweli ni huu: jury ni mwisho wa Novemba, na upepo mzuri wa Vuhovi umeshapita. Sauti nyingine sitapata. Nitarudia mwaka, na si mimi wa kwanza.

Sauti hiyo iliniita nile, iliniita nioge, ilinikemea nilipostahili na nisipostahili. Niliishi ndani yake miaka yote bila kusema asante. Imba, Mama. Ukinirudishia ikiwa imefungwa, nitakasirika kwelikweli.

Hulda wako

*

Beni, 11 Novemba 2024

Mwanangu,

Tuko wazima, tuko na furaha, tumeshiba.

Nimeimba. Nilifungua, nikavuta pumzi, koo likapata moto kama nimekunywa tangawizi. Kavuo wa kwaya aliangusha kitabu. Niliimba wasingya, asante yetu ya Kinande, beti zote. Ubeti wa mwisho sauti ilianza kupungua, kanisa zima likaniunga mkono mpaka nikafika.

Sasa kibuyu chenu. Mimi, binti wa Vuhovi, nimrudishie mtu chombo kitupu? Kwetu hata sahani ya jirani inarudi na kitu. Ningetia maharagi, lakini yangu hayajakauka. Basi niliimba nimekikumbatia, mdomo wake wazi chini ya kidevu changu, na neno la mwisho lilipotoka nikaziba kwa kiganja. Sijui kama nimefanya vizuri, mimi sikusoma. Usikitikise.

Nimerudia kunong'ona. Moyo wangu umetulia.

Mama yako,
Agar

*

Butembo, 24 Novemba 2024

Mama, Mama, Mama,

U mzima? Mimi sijui kama ni mzima, tangu Ijumaa nacheka peke yangu njiani.

Profesa Kasonia, ambaye kila mtu anamwogopa, tena si kidogo, alifungua kibuyu kwa upana wa ukucha. Ikatoka "wasingya" moja, yako, na nyuma yake kanisa likivuta pumzi. Akaziba. Akapangusa miwani. Akasema: "Inatosha. Hii hapana ya kumalizia hapa." Nimepata diplôme, na kibuyu wamenipa kiwe changu.

Asante. Sina neno jingine, nimelitafuta.

Lakini nakitazama kila asubuhi. Nataka kuusikia wimbo wote. Nikifungua utatoka, na hautarudi. Nifungue?

Mwana wako,
Hulda

*

Beni, 1 Desemba 2024

Hulda, mwenye diplôme wangu,

Huku wote wazima, na majirani nimeshawanong'oneza mmoja mmoja. Nilichelewa sana sokoni.

Usikifungue. Kitu kama hicho mtu hukifungua akiwa na hamu ya mwenzake, na kwako mwenye sauti bado yupo, anachambua maharagi. Yamekauka sasa. Njoo Noeli, nitakuimbia wasingya yote sikioni, kwa kunong'ona, mpaka useme basi.

Kibuyu kikae kimezibwa mpaka siku utakayoniandikia na mimi nisijibu.

Leo nimejibu.

Mama yako