Ruanda Ipi?

Jumanne. Mvua imenyesha tangu alfajiri, na barazani Mbinga tulisimama kwenye matope mpaka vifundoni. Sasa nimekaa jikoni, kuni mbichi, moshi mtupu.

Kesi ya Lotari imekwisha leo.

Mwanangu ni dresa wa serikali. Alikuwa zahanati ya Tingi, kule upande wa ziwani, ndipo tarishi wa boma akamletea amri kwamba anahamishiwa Ruanda. Tulifurahi sote. Ruanda si hapa tu, nyuma ya mlima? Dada yangu ameolewa huko. Lotari akafunga godoro, akaja na mkewe Skola, mwenye mimba kubwa, akaripoti kwa jumbe wa huko. Akapewa chumba, watu wakaanza kuleta vidonda vyao, akavifunga.

Kumbe serikali ilikuwa na maana ya Ruanda ya Mbeya.

Kule hakuna aliyemwona. Wakasema ni mtoro, afukuzwe kazi. Skola akaja kuniambia Lotari amekata rufaa. Nilishtuka, nikauliza amejikata wapi. Akacheka mpaka akashika tumbo. Basi ndipo nikajua kwamba mtu anaweza kuishitaki serikali kwa serikali yenyewe.

Leo Bwana Shauri, mkubwa wa boma, amefika kutoka Songea kusikiliza. Lotari alisema wazi: yeye ni mtumishi, huenda anakotajiwa, alitajiwa Ruanda na Ruanda alikwenda. Akaomba asiitwe mtoro, na aachwe huku huku.

Karani wa boma akamdhihaki, “Dresa mzima, hujui kama Mbeya kuna Ruanda?”

“Na wewe, Bwana Karani, ulijua kama kuna hii yetu?”

Baraza lote likaangua kicheko. Bwana Shauri mwenyewe aliinamisha uso.

Akakata shauri. Lotari si mtoro, amri haikueleza Ruanda ipi, kazi yake anayo. Nikapiga vigelegele, sikungoja mtu. Bwana Shauri akaniacha nimalize, ndipo akaendelea: sasa ameelezwa vizuri, Jumatatu apande lori aende Mbeya.



Njiani kila mtu ananipa mkono. “Hongera, Mama Lotari, mwanao kaishinda serikali!” Nasema asante.

Tulipofika nyumbani nilimwambia Lotari akate nyingine. Akanitazama kwa upole, kama anavyotazama wagonjwa. “Mama, mimi mwenyewe nimesema mbele ya watu kwamba huenda ninakotajiwa. Sasa nimetajiwa.”

Maneno yaliyomwokoa ndiyo yanamwondoa. Nimeyageuza huku na huku, sioni pa kuyashika.

Yeye anataka Skola abaki kwangu mpaka ajifungue. Skola anataka kumfuata mumewe. Mimi sijaulizwa. Akibaki, nitawaza mwanangu anakula nini kwa watu wasiomjua. Akienda, nitawaza tumbo lile juu ya lori na barabara ilivyo. Nadhani nitanyamaza, aamue mwenyewe, maana mtoto ni wake na mume ni wake.

Lakini kukipambazuka nitatwanga mahindi ya unga wa safari, wa watu wawili. Akibaki, tutaula hapa hapa.