Anachosema Mwanamke wa Filamu Bubu

MAELEZO YA SHAHIDI
Jina: kazini anaitwa "Redio". Umri: miaka 58. Kazi: mtunza mikanda, ghala la filamu za zamani. Makazi: chumba cha uani nyuma ya ghala, anaishi peke yake.

Sisikii tangu nikiwa na miaka tisa, nasoma midomo. Ndiyo maana wenzangu wakaniita Redio, na utani huo nimeuzoea. Afande ameniuliza maswali akinitazama usoni, nami nimejibu mwenyewe.

Mnamo tarehe 3 Juni, saa nne asubuhi, alifika mama mmoja mshonaji, mtu mzima wa miaka kama sabini. Aliomba kuona filamu bubu ya dakika kumi na moja, inayoonyesha maisha ya mwanamke tangu usichana hadi uzee. Alisema aliyeigiza ni mama yake mzazi, aliyefariki yeye akiwa bado ananyonya, wala hana picha yake hata moja. Nikamwashia projekta.

Dakika ya sita mwanamke anampakata mtoto mchanga, midomo yake inacheza. Yule mama akanishika mkono. "Mdogo wangu, wewe si unasoma midomo? Mtoto huyo ni mimi. Ananiambia nini?"

Sehemu hiyo naijua kwa moyo. Kila mchana nakula chakula changu mbele ya filamu ile, maana chumbani hakuna wa kuniambia hata "karibu". Mwanamke anamgeukia mtu asiyeonekana, anasema, "Mchukueni mtoto wenu, kashanikojolea." Mtoto alikuwa wa kuazima.

Najua msema kweli mpenzi wa Mungu. Nilimjibu, "Dada, anasema, mwanangu, mwanangu." Alilia, nami nikalia. Akawa anakuja kila siku, na nilifurahi kupata mgeni.

Tarehe 7 nilimweleza kwamba mkanda umeoza na utachomwa Ijumaa. Tarehe 8, saa tano na robo asubuhi, nilikuta kopo la mkanda huo tupu. Nilipotoka, mlinzi alikuwa amemkamata yule mama langoni, mkanda umo kwenye kikapu cha vitambaa. Nilimwona akisema, "Mama yangu ananiita mwanangu humo. Nimwache achomwe?"

Nisingemdanganya, asingeiba. Naomba mama huyo asisomewe yale maneno kuhusu mtoto wa kuazima.

Hayo ndiyo niliyoyaona, kusikia sikusikia.

Sahihi ya shahidi: (ametia)

Maelezo ya afisa: Nimeyaandika na shahidi ameyasoma mwenyewe. Nimemfahamisha kwamba mtuhumiwa akishtakiwa atapewa nakala ya maelezo haya yote. Shahidi amesema kama ni hivyo niichane karatasi hii, niandike kwamba aliyeuiba mkanda ni yeye mwenyewe, shahidi.