Mwenyekiti Uliyemcheka

Babu,

Kuna jambo sijawahi kumwambia mtu, hata Bibi. Yule mwenyekiti wa mtaa uliyemcheka kwenye runinga mpaka miwani ikaanguka, niliyemwandika ni mimi. Na nilikuwa nakuandika wewe.

Niliutuma mchezo huo kwa simu ya mama, kwenye kile kipindi chetu cha Ijumaa kinachozifanyia mzaha habari za wiki. Sikuweka jina. Nilidhani watautupa tu. Kumbe Ijumaa moja tumekaa sebuleni, na kwenye runinga mwenyekiti anaitisha mkutano wa kuzibua mtaro. Anasema, "Itifaki imezingatiwa," halafu anamsalimia kila aliyehudhuria kwa jina na cheo, hadi mpita njia na mbuzi wake. Mvua inanyesha, watu wanakimbia, yeye anatangaza kwamba mkutano umefana.

Nilikumbatia mto wa kochi, nikasubiri unigeukie. Wewe ukapiga paja: "Huyo ni mwenzangu wa mtaa wa pili! Nilishamwambia, bwana, fupisha!" Bibi akakimbilia jikoni. Nilimsikia akikohoa huko, kikohozi kisichoisha.

Miezi mitano nilitaka kukwambia. Nikikuletea chai naanza, "Babu...", unaniuliza, "Sukari imeisha?" Najibu ndiyo. Tulinunua sukari nyingi sana mwaka ule.

Siku tulipokuzika Kisarawe, wasifu wako ulisomwa kwa dakika nne. Watu walibaki wanatazamana. Hakuna aliyetajwa, hata wenye vyeo. Hapo ndipo nilipolia.

Huku mtaani kwetu, Picha ya Ndege, mwenyekiti mpya haitishi mikutano kabisa. Mambo yote ni kwenye grupu la mtaa. Asubuhi anatuma picha za maua. Ukiuliza habari za mtaro, anakutoa. Mama ametolewa mara mbili.

Nisamehe, Babu. Kuandika sijutii. Najutia kukaa pembeni yako nikikutazama unacheka, nami najua, wewe hujui. Pumzika salama. Nakuahidi sitamwandika tena mtu nisiyeweza kumwambia usoni.

Jana nimemaliza mchezo mwingine, wa mwenyekiti mpya. Nimetia jina langu juu kabisa, nikampelekea dukani kwake kabla ya kuutuma. Nikamwamkia. Alisoma amesimama, akacheka mpaka akashika kaunta, akauliza huyu ni mwenyekiti wa mtaa gani.

Nikamjibu, "Wa hapa kwetu, mzee. Ni wewe."