Saini za Matangani

Papa wangu,

Jina limepita! Tangu wiki ile fomu ilipokubaliwa natafuta mtu wa kumpigia kelele hizi, na mtu mwenyewe ni wewe.

Ulituacha zikiwa zimebaki siku chache za kurudisha fomu ya Mama Doreen, mgombea wa kile chama kidogo cha wenyeji wa asili wa Kanada hii. Hapa Scarborough chama kizima kilikuwa yeye, wewe na chupa yako ya chai. Bila saini za kutosha jina lake lisingeingia kwenye karatasi ya kura, nawe ulikuwa umemuahidi litaingia. Ulihangaikia hilo hata kitandani hospitalini.

Basi sikia. Siku ya matanga, Mama aliiweka fomu mezani isipotee, kando ya daftari la rambirambi. Unawajua watu wetu, wakiona karatasi na kalamu matangani wanajaza tu. Kanisa zima lilisaini! Mmoja aliongeza, "Poleni, Mungu awatie nguvu." Nililia, halafu nikacheka mpaka shangazi akaniletea maji.

Kudanganya hatukutaka. Kesho yake nilichukua fomu mpya, nikapanda ghorofa kwa ghorofa kuwaeleza walichosaini. Wasio raia niliwaacha, na wale waliohamia Markham, nje ya jimbo letu la uchaguzi. Nilipomwambia Mama Mapendo kwamba kuna wenyeji humu humu Kanada wanaochemsha maji ya bomba, na chama kinataka hilo liishe kwanza, hakungoja nimalize. "Kama kwetu Uvira? Lete kalamu." Mzee Bahati aliuliza habari ya ardhi. Nikamjibu ulivyonifundisha: mikataba ya zamani waliyofanya na serikali iheshimiwe, na asichimbe mtu madini kwao bila wao kukubali. Kusikia madini, Papa, alikumbuka ya kwetu, akasaini mpaka karatasi ikatoboka.

Mama alisaini kwa sababu chama kinataka watoto wa wenyeji hao wafundishwe shuleni lugha za bibi zao. Wajukuu zako bado wanamjibu kwa Kiingereza.

Fomu ilipokelewa. Hatukushinda, hata karibu hatukufika. Lakini nilipofungua karatasi ya kura, jina la Doreen lilikuwa pale, limechapwa sawa na majina ya wagombea wa vyama vikubwa. Niliweka kidole juu yake. Nilikukumbuka mno, na nilifurahi mno.

Pumzika, Papa. Furaha, mdogo wangu, anaolewa mwaka ujao. Nakuahidi, fomu ya uchaguzi unaofuata nitaenda nayo harusini, na safari hii nitawasomea kwanza.

Binti yako,
Esperance