Meza Mbili za Kicheko

4 Machi

Kaka,

Shikamoo. Sisi wazima, ila mama mkwe magoti yanamsumbua. Wifi na watoto hawajambo?

Benki yetu ya ushirika imegawanywa sehemu mbili. Upande mmoja unabaki hapa na wanachama wa zamani. Wa pili ni benki mpya, na ofisi zake ziko mji mwingine, mwendo wa siku nzima kwa basi. Wafanyakazi tumegawanywa kwa meza. Siku walipopita kutuhesabu, kila aliyekutwa mezani alipewa meza hiyo. Mimi nilikuwa nyumbani kwenye msiba wa mume wangu. Mezani kwangu, kwenye mikopo, alikaa mwenzangu wa meza ya akiba za wanachama, tunayemwita Kicheko, kunishikia kazi isilale. Basi meza imekuwa yake, nami nimeandikiwa uhamisho.

Siendi. Mama mkwe haoni, na nyumba hii anaijua kwa viganja vyake. Hupapasa ukuta mpaka jikoni, hagusi hata sufuria. Nikimpeleka nyumba ngeni nitakuwa nimempofusha mara ya pili. Nimelalamika kwenye kamati ya benki.

Mdogo wako

15 Machi

Mdogo wangu,

Marahaba. Hapa salama, isipokuwa kifua changu, ambacho wifi yako anakiita uvivu.

Nakusihi, nenda. Mwenye nguvu mpishe. Umefiwa juzi tu, vita utaviweza wapi? Mama mkwe mlete kwangu, nafasi ipo. Na huyo Kicheko mchunge sana. Kikulacho ki nguoni mwako.

Kaka yako

2 Aprili

Kaka,

Shikamoo, na pole ya kifua. Mwambie wifi uvivu haukohoi.

Barua yako nilimsomea mama mkwe. Akacheka: "Mwambie kaka yako asante, lakini kwake nitajigonga milangoni mpaka nife." Unakumbuka mume wangu alivyokuwa akibisha hodi kwenye nyumba yake mwenyewe kila jioni, ili mama ajue aliyeingia ni nani? Sasa nabisha mimi. Kila mara mama anachelewa kidogo kuitikia.

Kicheko usimseme vibaya. Alikuja Jumapili na pacha wake wachanga, mmoja mgongoni, mmoja kifuani, na mwenyewe analia. "Shoga, nilikaa kukushikia, sikukaa kukurithi." Amekubali kuja kusema kweli mbele ya kamati. Meneja amekwisha kumvuta pembeni: "Ukisema, unajikata mkono mwenyewe." Kesho kutwa tunaitwa.

Mdogo wako

25 Aprili

Mdogo wangu,

Hujambo? Mama mkwe anaendeleaje? Mbona kimya? Kamati imesemaje? Wifi yako amenigombeza, anasema barua yangu iliandikwa kama ya meneja. Nisamehe. Nijibu hata mistari miwili.

Kaka yako

9 Mei

Kaka,

Shikamoo. Yameisha hayo, sikukununia. Mama mkwe anawasalimu, magoti yamepata nafuu.

Kamati iliahirisha mara mbili, ikakaa juzi. Mwenyekiti akamuuliza Kicheko, "Meza ya mikopo ni ya nani?"

"Ya huyu aliyefiwa. Mtu ukimpokea mzigo ili afunge kiatu, akishafunga si unamrudishia?"

"Unajua wewe mwenyewe utapata nini?"

"Najua. Andika."

Wakaandika. Nimerudishiwa meza yangu. Jioni ileile Kicheko akapewa uhamisho wangu. Kumbe meza yake ya akiba ilikutwa tupu siku ile, wakaifuta. Ilikuwa tupu kwa sababu mwenyewe alikuwa kwenye yangu!

Jana nimempelekea meneja malalamiko mengine, ya meza ya akiba. Akasoma, akavua miwani. "Mama, wewe umeshapata chako. Tulia."

"Nitatulia kwangu, mzee. Hapa bado."

Akaniambia wakiifungua upya kesi, hata meza yangu inaweza kuguswa. Nilirudi nyumbani nikamweleza mama mkwe yote, maana mikono inayopapasa ukuta ni yake. Akauliza, "Yule mwenye pacha ana ukuta gani wa kushika huko wanakompeleka?"

Kicheko mwenyewe ananikataza. Nimemwambia anyamaze, alishasema ya kwake, sasa nasema mimi. Kamati inakaa tena Alhamisi.

Safari hii usinishauri, kaka. Niombee.

Mdogo wako