Programu ya Mavani

Mji wa Kale, Mombasa
9 Januari 2024

Kwako ndugu yangu Fuad,

Asalaam aleikum. Natumai wewe na wanao hamjambo huko Toronto na baridi yenu. Sisi wazima, ila goti langu lanisumbua.

Kompyuta ya ofisi ya mavani imekufa. Kamati imetuletea mpya, lakini ile programu uliyomwandikia Baba, ya kuweka majina ya waliozikwa, nimeinakili humo kutoka kwenye flashi lakini haifunguki. Yasema kuna faili la maktaba halipo. Wajua makaburi mengi hayana alama. Bila programu sijui nani kalala wapi. Bi Mejumaa wa Likoni amekuja Ijumaa tatu kuuliza kaburi la mwanawe. Nifanyeje?

Dadako,
Lamis

Toronto
30 Januari 2024

Dada Lamis,

Waaleikum salaam. Hatujambo. Pole na goti.

Programu ile niliiandika nina miaka ishirini, sijui kitu. Ni takataka. Yategemea faili ambalo programu nyingi za zama zile zilikuwa zikilitumia kwa pamoja, na kompyuta za leo haziji nalo. Hapa kazini mtu akituletea kitu kama hicho twamcheka. Iambie kamati inunue daftari. Na usimpe fundi yeyote wa Marikiti aguse. Atapakua faili kwenye mitandao ya ovyo akujazie virusi.

Nduguyo,
Fuad

Mji wa Kale
2 Februari 2024

Fuad,

Asalaam aleikum. Salamu ni sunna, ndiyo maana nakupa.

Umechukua siku ishirini na moja kuniambia ninunue daftari. Majina elfu sita nitayaota? Nyinyi mwacheka, Baba hakuicheka. Aliandika kila maiti kwa kidole kimoja, na kila aliyeingia ofisini alimwambia, “Hii kaiunda mwanangu.” Mazishi yake hukuja, nikasema mazishi hayangojei mtu. Hata arubaini hukuja.

Kaa na akili zako.

Dadako,
Lamis

Mji wa Kale
6 Machi 2024

Fuad,

Asalaam aleikum. Hukujibu, nami sikungoja.

Nyuma ya Marikiti kuna binti wa Kigiriama aitwaye Kadzo, hutengeneza kompyuta. Nilimwambia ndugu yangu mtaalamu asema hii ni takataka.

“Ameiona?” akaniuliza.

“Hajaiona.”

“Basi huyo ametibu mgonjwa kwa simu.”

Akachomoa diski ya kompyuta iliyokufa, akalikuta faili lile lile, akalinakili ndani ya folda ya programu kwenye kompyuta mpya. Hakupakua kitu mtandaoni. Sikuwa nimemaliza chai yangu, ikafunguka.

Ijumaa nilimpeleka Bi Mejumaa mimi mwenyewe hadi kaburi la mwanawe. Alikaa mchangani, akapapasa ardhi kama mtu atandikaye kitanda, akasema, “Mwanangu, nimekutafuta sana.” Goti langu lilikataa lakini nami nilikaa naye.

Kisha Kadzo, niliyekuwa nimemsimulia habari za Baba, akauliza mbona jina lake halimo. Nikamwambia mwandishi alikuwa yeye mwenyewe. Miaka miwili nawaandika wengine, yeye nilishindwa. Siku ile nikamwandika. Programu yako yauliza majina ya jamaa wa karibu. Nimetia langu peke yake, nikafunga.

Dadako,
Lamis

Toronto
7 Machi 2024

Dada,

Asalaam aleikum. Hujambo na goti?

Baba yuko safu ya ngapi?

Nduguyo,
Fuad

Mji wa Kale
10 Machi 2024

Fuad,

Waaleikum salaam. Sijambo.

Umeuliza kama waulizavyo wageni wote, nami nakujibu kama niwajibuvyo. Safu ya saba, kaburi la kumi na moja, upande wa ukuta. Ofisi hufunguliwa saa mbili asubuhi. Ijumaa twafunga mapema.

Dadako,
Lamis